Shtaki Kitendo, Usishtaki Ukoo

(Mazungumzo na wawakilishi wa vikundi vya kujisaidia, Eldoret)



Tunawashukuru kwa kuacha shamba na ng'ombe ili mfike hapa. Wengine mmetoka Turbo, wengine Moiben, wengine Burnt Forest, na wengine hapa karibu Langas na Huruma. Leo hatutazungumza juu ya mbolea wala juu ya mikopo. Tunataka kuzungumza juu ya jambo ambalo linaanza nyumbani, linapita kwa polisi, linafika kortini, na mwishowe linarudi kuvunja kikundi. Ni kesi za jinai dhidi ya wakwe: mama mkwe, baba mkwe, shemeji na wifi.

Katika kazi yetu ya kutembelea familia tumeona makosa mawili. Kosa la kwanza ni la mtu anayeumizwa na wakwe naye ananyamaza, kwa kuwa ameambiwa ya nyumbani hayatoki nje. Kosa la pili ni la mtu mwenye hasira, ambaye kwa kosa la mmoja anashtaki boma lote. Makosa haya yanaonekana kama mashariki na magharibi, lakini mwisho wake ni mmoja: aliyefanya ubaya anaenda zake bila kuguswa.

Mtusikilize kwanza tuwasimulie mambo mawili. Tumebadilisha vitu vidogo vidogo ili wenyewe wasitambulike.

Kikundi kilichokufa

Palikuwa na kikundi cha akina mama ishirini. Walikuwa na kuku, walikuwa na akiba, na kila mwezi walipeana pesa kwa zamu. Mweka hazina alikuwa mama wa karibu miaka sabini. Mwandishi alikuwa mke wa mwanawe. Watu walikuwa wakisema, "Tazameni hawa wawili, mtu na mkwe wake kama mtu na bintiye."

Mwaka mmoja baada ya mavuno, mume wa yule mwandishi aliuza magunia 12 ya mahindi bila kumwambia mkewe. Mama akaenda ghalani kuhesabu yaliyobaki. Shemeji yake akamkuta pale, akamwambia ghala si lake, akamchapa kwa fimbo mkononi mara tatu. Mama mkwe alikuwa mlangoni. Hakumpiga, lakini pia hakumkataza mwanawe. Alisema tu, "Mwanamke gani huyu anahesabu mahindi ya wanaume?"

Huyo mama alikuwa na haki ya kwenda polisi, na alienda. Lakini njiani alikutana na rafiki, naye akamshauri: "Ukitaja mmoja watamtetea. Wataje wote ndipo wataogopa." Basi pale kituoni akataja watano: mume, shemeji, mama mkwe na mawifi wawili. Akasema wote walimshika na kumpiga.

Polisi walipofika bomani, shemeji alikuwa amekwisha kutoroka, na mume alikuwa safarini. Waliokamatwa ni mama mkwe na wifi mmoja. Yule mzee alilala seli kwa sababu ya fimbo ambayo hakuishika. Kesi ikaendelea zaidi ya mwaka mzima. Kila siku ya kesi ni nauli, ni kibarua kilichopotea, ni ng'ombe wa kukamuliwa na jirani. Siku ya ushahidi, wifi mmoja alionyesha kwamba siku ile alikuwa kazini Kitale. Hakimu akauliza: kama shahidi hakusema kweli juu ya huyu, nitajuaje kwamba alisema kweli juu ya wengine? Wote wakaachiliwa. Hata shemeji, ambaye alikuwa amepatikana baadaye, naye akaachiliwa. Ile fimbo ilikuwa ya kweli, na alama zake zilikuwa bado mkononi.

Leo mama yule anakaa kwa wazazi wake. Watoto wako kwa bibi yao. Kikundi kiligawanyika nusu kwa nusu, akiba ikagawanywa kwa ugomvi, na kuku wakauzwa.

Sisi nasi tulikosea

Jambo la pili linatuhusu sisi wenyewe. Miaka mingi iliyopita mama mwingine alikuja ofisini kwetu mara tatu. Mara ya kwanza alisema wifi yake anamtukana na kumrushia vitu. Tukamwambia avumilie, wakwe ni wazazi. Mara ya pili alisema amesukumwa akaanguka. Tukamwita mumewe, tukawapatanisha, tukanywa chai, tukaandika kwenye faili kwamba mambo yamekwisha. Mara ya tatu alikuja mkono umevunjika.

Hakuwa ameandikisha lolote kwa polisi wala hospitalini, kwa sababu sisi ndio tuliomwambia asiende. Tulipomuuliza kwa nini hakutuambia kwamba hali imekuwa mbaya hivyo, alisema, "Niliwaambia mara mbili." Hatukuwa na jibu. Tangu siku hiyo tumejifunza kwamba kupatanisha watu bila kumlinda anayeumizwa ni kumrudisha kwenye moto.

Kwa hiyo tunapowaambia msishtaki ukoo, tafadhali msisikie kwamba tunasema mnyamaze. Mvunja sheria ashtakiwe. Tunachosema ni kwamba ashtakiwe yeye, kwa kile alichofanya.

Sheria inasema nini

Mama mkwe kuwa mama mkwe si kosa. Kuna mambo yanayouma sana ambayo polisi hawawezi kuyafungulia jalada: kunyimwa salamu, kuambiwa chai yako ni maji matupu, mzazi kusimama upande wa mwanawe, wifi kutokufika kwenye sherehe yako. Haya ni ya kuzungumza.

Lakini kuna mambo ambayo ni jinai, hata kama yamefanywa na mtu wa nyumbani:

1. Kumpiga mtu. Chini ya Sheria ya Adhabu, shambulio la kawaida linaweza kuleta kifungo cha hadi mwaka 1. Akiumia mwilini, kifungo kinaweza kufika miaka 5.

2. Kuharibu mali ya mtu kwa kusudi, kama kuvunja nyumba yake. Hapa pia kifungo kinaweza kufika miaka 5.

3. Kumlazimisha mke wa mwana akeketwe, au hata kumtukana na kumdhihaki kwa sababu hakukeketwa. Wengi hawajui kwamba tusi hilo peke yake ni kosa chini ya sheria ya kupiga marufuku ukeketaji ya mwaka 2011. Adhabu yake ni kifungo kisichopungua miezi 6, au faini isiyopungua shilingi 50,000, au vyote viwili.

4. Kujitwalia mali ya marehemu bila idhini ya sheria, kama wanavyofanya baadhi ya mashemeji kwa mjane hata kabla matanga hayajaisha. Sheria ya Urithi inaliita kosa, na mtu anaweza kutozwa faini au kufungwa hadi mwaka 1.

5. Kuchukua ng'ombe. Tunasema hili kwa sababu hapa kwetu mahari ni ng'ombe. Mke akirudi kwao, watu wa mume wanakusanyika usiku kwenda kurudisha mifugo yao, au wakwe wanakuja kujichukulia mahari iliyobaki. Kumbukeni kwamba mwenye boma akipiga ripoti, hatasema "mahari". Atasema wizi wa mifugo, na kosa hilo lina kifungo cha hadi miaka 14. Deni la mahari lidaiwe mchana, mbele ya wazee.

Halafu kuna sheria ya mwaka 2015 ya kuwakinga watu na jeuri ya nyumbani. Sheria hiyo, inapotaja aina za unyanyasaji, inataja wazi wazi kuingiliwa na wakwe. Wakenya waliona jambo hili ni zito hata wakaliandika katika sheria. Lakini sikilizeni vizuri jinsi inavyofanya kazi. Mtu anaenda mahakamani kuomba amri ya kukingwa. Mahakama inaweza kumwamuru huyo mkwe au shemeji asimguse mlalamishi, asimtishe, asikaribie nyumba yake. Hapo bado hakuna aliyefungwa. Anayevunja amri hiyo ndiye anayeweza kutozwa faini ya hadi shilingi 100,000 au kifungo cha hadi miezi 12, au vyote viwili. Kwa mtu anayetaka amani kuliko kulipiza kisasi, njia hii mara nyingi inafaa kuliko kukimbilia seli.

Si sisi peke yetu

Tusidhani shida hii iko Uasin Gishu tu. Huko India, mwaka 1983, waliweka sheria ya kumfunga mume au jamaa ya mume anayemtesa mke, kwa sababu wanawake wengi walikuwa wanateswa na hata kuuawa kwa ajili ya mali ya ndoa. Ilikuwa sheria ya lazima. Lakini baadaye malalamiko yakaja kwamba watu wanaandika majina ya jamaa wote, hata wazee na watu wanaokaa mbali. Mwaka 2014 Mahakama Kuu ya juu ya nchi hiyo ikawaagiza polisi wasikamate mtu moja kwa moja bila kwanza kuangalia kama kuna sababu ya kumkamata. Sheria yenyewe haikuondolewa, kwa maana mateso yapo kweli. Hata sisi tujifunze hayo mawili kwa pamoja: mateso yapo, na majina ya bure yanawadhuru hata wale wanaoteswa kweli.

Ukiumizwa, fanya hivi

Kwanza, okoa maisha. Toka pale, nenda kwa jirani, kwa mzee wa kijiji, kwa kikundi chako.

Pili, nenda hospitali mapema, iwe zahanati iliyo karibu au Hospitali ya Rufaa ya Moi. Usioge na kufua nguo kwanza ikiwa umetendewa jambo la aibu. Mwambie daktari ukweli wa jinsi ulivyoumia. Msiseme "nilianguka".

Tatu, piga ripoti polisi, uandikwe katika kitabu cha matukio, na uulize namba ya OB. Iandike mahali, usiitegemee akili. Chukua fomu ya P3 ijazwe na daktari. Polisi hawaiuzi. Chini ya ile sheria ya 2015, ukitaka kuandikisha taarifa kwa askari mwanamke kama wewe ni mwanamke, au mwanamume kama wewe ni mwanamume, una haki ya kuomba. Vituo vingi siku hizi vina dawati la jinsia.

Nne, na hili ndilo kubwa: eleza kitendo, na mtu aliyekifanya. Ni nani? Alifanya nini? Kwa mkono au kwa kifaa gani? Saa ngapi? Nani aliona? Kama mama mkwe alikuwepo akasema neno, sema alisema neno gani. Usimpe fimbo ambayo hakuishika. Akiwa aliona, huenda siku moja akawa shahidi wako. Ukishamfanya mshtakiwa umemfunga kinywa.

Mtu anayepeleka kwa mtumishi wa serikali habari anayojua ni ya uongo anaweza kushtakiwa yeye mwenyewe, na kufungwa hadi miaka 3. Lakini akina mama, msiogope kwa jambo hili. Kesi kushindwa kwa kukosa ushahidi si uongo. Uongo ni kutaja mtu huku moyoni unajua hakufanya.

Ukishtakiwa wewe

Wako hapa pia akina mama wakwe, na akina baba wenye wana waliooa. Ukiitwa na polisi, nenda. Usitoroke, usimtume kijana kwenda kumtisha aliyeshtaki, na usijaribu kununua kesi. Katiba ya 2010 inasema aliyekamatwa aelezwe sababu, na apelekwe mahakamani kabla ya saa 24 kupita. Kama saa hizo zinaishia siku ambayo mahakama imefungwa, apelekwe siku inayofuata ya mahakama. Tena ana haki ya kuomba dhamana. Tafuta mashahidi wako, weka karatasi zako, kama ni tikiti ya gari au kitabu cha kazini.

Na kabla ya hayo yote, jiulize kama kweli hukukosa. Yule mama wa ghalani hakupiga mtu. Lakini kama angesema neno moja tu, "Wacha, huyu ni mke wa ndugu yako," pengine kusingekuwa na kesi, na kikundi kingekuwepo mpaka leo.

Wazee, kanisa na korti

Watu wanatuuliza: je, kesi ikishaanza inaweza kurudishwa nyumbani? Jibu ni kwamba kesi ya jinai ikishafika kortini si yako tena. Inaitwa Jamhuri dhidi ya fulani. Huwezi kusema asubuhi, "Nimesamehe," ukaondoka nayo. Ni lazima mahakama ikubali.

Hata hivyo, sheria yetu haikatai mapatano. Katiba, katika kifungu cha 159, inaziambia mahakama ziendeleze upatanisho na njia za jadi, mradi zisivunje haki za mtu. Na sheria ya mwenendo wa kesi za jinai inamruhusu hakimu kuwahimiza watu wapatane katika mashambulio madogo na makosa mengine ya kibinafsi ambayo si mazito, pengine kwa kulipa fidia. Hapo kokwet ya wazee, mzee wa kijiji, chifu, katekista na jumuiya ndogo ndogo wana kazi kubwa ya kufanya.

Lakini kuna mpaka. Mtoto akinajisiwa na mjomba wake au na babu, jambo hilo halimalizwi kwa mbuzi wala kwa blanketi. Mtu akikatwa panga halimalizwi kwa chai. Tena upatanisho ambao anayeumizwa amelazimishwa kuukubali, akiwa amezungukwa na wazee kumi wa upande wa mume na hana hata mtu mmoja wa upande wake, huo si upatanisho. Tukikaa kusikiliza, kila upande uwe na mtu wake. Anayelalamika asikilizwe kwanza akiwa peke yake, mahali salama. Mapatano yaandikwe, na baada ya mwezi mmoja mtu aende kutazama kama yanafuatwa. Sisi tulipokunywa chai na kufunga faili, hatukwenda kutazama.

Kazi ya kikundi

Ninyi wa vikundi mna nguvu ambayo polisi hawana. Mnaonana kila wiki. Mnajua ni nani ameacha kucheka, nani anakuja na kitambaa kimeshuka mpaka kwenye jicho. Msingoje mpaka mkono uvunjike.

Tunawaomba mambo matatu. Chagueni watu wawili wenye kutunza siri, ambao mwanachama anaweza kuwaendea. Wekeni akiba kidogo ya dharura, hata kama ni nauli ya kwenda hospitali na polisi tu. Na mwenzenu akiwa na hasira, msimwambie "wataje wote". Kaeni naye, mpeni maji, mwambieni: tueleze kilichotokea kama vile utakavyomweleza hakimu. Kisha mmoja wenu amsindikize.

Yule mama aliyevunjwa mkono bado tunamtembelea. Mkono ulipona lakini haunyooki sawasawa. Juzi alituambia kwamba wifi yake alifiwa, naye akaenda kusaidia kupika. Tukamuuliza kama amemsamehe. Akasema, "Kusamehe ninajaribu. Lakini sikukaa naye jikoni peke yangu. Nilienda na wenzangu wanne wa kikundi." Tuliona hekima ndani ya jibu hilo.



Maswali ya kuzungumzia katika kikundi

1. Katika kijiji chetu, mke akipigwa na shemeji, anamwendea nani kwanza? Huyo mtu anamsaidia au anamnyamazisha?

2. Ni mambo gani kati ya wakwe ambayo sisi tunaweza kuyasuluhisha wenyewe, na ni yapi lazima yaende polisi?

3. Kama mama mkwe na mke wa mwanawe wote ni wanachama wetu na wamegombana, tutafanya nini ili kikundi kisigawanyike, na aliyeumizwa asiachwe peke yake?